Mtambo Wangu, Kuta za Nzula

Jumatatu, 3 Machi 2025

Nimenunua kiwanda! Mimi Zedekiah, mchapa hati za kiapo jirani na mahakama, mwenye meza moja na kiti kisicho na mgongo. Kiwanda cha sabuni, Kangemi! Mnada ulikuwa mjini leo. Nilichelewa kwa kutafuta tai, fungu la kwanza likanipita. Lakini picha ya kiwanda ilikuwa ukutani, dalali akataja fungu la pili, nikainua mkono. Hakuna mwingine aliyeinua. Waliniogopa. Nyundo ikagonga. Sheria ya minada nimeichapa miaka mingi: nyundo ikishagonga, hata mwenye mali wa zamani alie machozi ya damu, hapati kitu. Bei siandiki. Kasiva, mke wangu, husoma kitabu hiki.

Nzula alikuwepo. Ni mama wa kanisa letu, alianza kwa kupima maharagwe soko la Kangemi, sasa anakaa Kitisuru kwa matajiri. Alinitazama, akakunja mikono, akatabasamu. Wivu mtupu.

Nikampigia baba mkwe, Mzee Kitavi, kule Mwingi. Tangu nimwoe Kasiva hajawahi kutamka jina langu. Mimi ni "huyo wa Kasiva". Nikamwalika Jumapili aje aone kiwanda. Aliuliza mara mbili kama ni kiwanda kweli. Kisha akasema atakuja na mbuzi. Mbuzi! Mbuzi wa mahari yetu wamekuwa wakielekea Mwingi tu, hakuna hata mmoja aliyewahi kurudi. Jumapili ataniita Zedekiah. Lazima.

Jumatano, 5 Machi

Nilikwenda kukagua mali yangu. Nimenunua helmeti nyeupe, ile ya mainjinia. Soja anayelinda mlango anaitwa Lenox. Niaje mdosi, akasema, yaani bosi, umekuja kuona nini? Nikamwambia nimekuja kuona kiwanda changu. Akacheka mpaka akashika geti. Eti jengo na kiwanja vilikuwa fungu la kwanza, na vimenunuliwa na Mama Nzula. Fungu la pili ni mtambo wa kuchemshia sabuni. Nimepewa siku saba kuuondoa.

Nikamwambia mnunuzi wa mnada ana haki. Akauliza haki gani. Nikamjibu nitamletea.

Alhamisi, 6 Machi

Nilimvizia wakili Everlyn kwenye ngazi za mahakama, kwa sababu ngazini hatozi. Akasema mtambo ni wangu kabisa, hakuna anayeweza kuninyang'anya, si Nzula, si mwenyewe wa zamani. Maneno matamu! Halafu akaongeza kwamba nimeununua kama ulivyo na pale ulipo, na kwamba nikivunja hata tofali moja la Nzula, yeye Everlyn atafurahi kuchukua kesi, ila si upande wangu. Hiyo sehemu ya pili haikuwa na uzito.

Jioni nikaenda kupima. Mtambo ni mnene kuliko mlango. Mnene mno! Lenox anasema uliletwa kwanza, nyumba ikajengwa kuuzunguka. Fundi wa kukata chuma naye amesema akiukata utabaki wa kuwauzia wachuuzi wa vyuma chakavu. Wajenzi wa aina gani hawa?

Ijumaa, 7 Machi

Akili ni mali. Nimemchapia Nzula ilani ya kurasa tatu: ameweka kuta zake kuuzunguka mtambo wangu bila idhini yangu, aziondoe kabla ya Jumapili. Nikaigonga muhuri wa ofisini. Nikachora duara la chaki kuuzunguka mtambo na kuandika MALI YA BINAFSI.

Nzula akajibu kupitia Lenox. Amepokea ilani, na anauliza kama nimekula. Akatuma muthokoi, mahindi ya kukoboa na maharagwe, bado moto. Nikala, bila kuathiri haki zangu. Muthokoi ulikuwa mzuri sana.

Jumapili, 9 Machi

Mzee Kitavi amekuja. Kofia, fimbo, mbuzi. Nilimpokea ndani ya duara, helmeti kichwani, Kasiva na binti yetu Yvonne wakiwa wamevaa nguo za Krismasi. Nzula akafika kutoka kanisani, akamwamkia Mzee kwa Kikamba. Wakaongea na kuongea. Kikamba changu kinaishia kwenye salamu na vyakula. Nilijua nasifiwa, lakini Kasiva alikuwa anatazama chini.

Mzee akapima mlango kwa fimbo. Akapima mtambo. Akanitazama mimi. Akauliza kama nilipima kabla ya kununua. Nikamweleza kwamba mnunuzi mwenye nia njema sheria humlinda, hana haja ya kupima. Akavua kofia, akaivaa tena.

Yakaisha hivi. Siku saba zinakwisha kesho na mtambo hautoki, kwa hiyo nimemwachia Nzula. Naye hatanidai chochote kwa kumchelewesha. Atautumia kuhifadhia maji ya mvua. Nikatia sahihi. Mzee akamkabidhi Nzula mbuzi, kwa uvumilivu wake. Nilisikitika kidogo, maana nilikuwa nimeshanunua mkaa.

Ndipo Mzee akaniwekea mkono begani. Akasema, "Zedekiah, twende nyumbani."

Zedekiah! Mbele ya mke wangu, mbele ya soja, mbele ya Nzula! Njia nzima hadi nyumbani kwetu Satellite sikuvua helmeti.

Jumatatu, 10 Machi

Kasiva amenipa chai bila sukari na kuniita mdosi. Sijali. Ngazini nimeokota gazeti. Alhamisi kuna mnada wa kiwanda cha biskuti. Safari hii nimesoma tangazo lote, neno kwa neno, kwa sababu sasa nina uzoefu. Fungu la tatu: bomba la moshi, kama lilivyo na pale lilipo. Bomba liko nje! Halihitaji mlango wa kupitia! Na kiwanda bila bomba ni nyumba tu, kwa hiyo hao wa fungu la kwanza na la pili watanijia wenyewe, wamepiga magoti.

Nimempigia Mzee kumwambia aandae mbuzi mwingine. Amesikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Zedekiah." Siku mbili, mara mbili! Kisha simu ikakatika.

Mtandao wa Mwingi ni mbaya sana.