Mke wa Bosi Kwenye Kioo

Jumatatu, 3 Juni
Mhariri kanipa nafasi ya mwisho gazetini: kurasa nane za katuni, kufikia Jumamosi. Nikishindwa, narudi kukata tofu, zile jibini za soya, dukani kwa shemeji. Sirudi! Nachora mke wa bosi wa yakuza, genge la majambazi. Mrembo, katili, tatuu ya joka mgongoni, kisu ndani ya joho lake la kimono. Eti Nagisa wa meza ya pili naye anachora mke wa bosi. Mwizi wa mawazo! (Niliona wazo kwenye daftari lake, lakini mimi ndiye niliyelitangaza.)

Jumanne, 4 Juni
Kwa Bi Tokiwa, muuza mishikaki ya kukaanga karibu na stesheni. Marehemu mumewe alikuwa bosi wa genge, mtaa mzima unajua. Nagisa keshafika, anakula! Nikamuuliza Bi Tokiwa kisu alikificha wapi.

"Jikoni, mwanangu. Nilikuwa na vijana ishirini wa kulisha. Nimekata vitunguu miaka thelathini."

Akaendelea: soksi za kufua, vifurushi vya kupeleka gerezani, majirani walioacha kumsalimia. Nagisa akaandika yote. Mimi nilipiga miayo. Nani atasoma soksi?

Alhamisi, 6 Juni
Sina wa kumchora. Nimevaa kimono ya mama, nikasimama mbele ya kioo, nikajichora. Bega wazi, jicho kali. Nimejiogopa mwenyewe. Mwenye nyumba alikuja kutazama bomba linalovuja. Akanitazama mimi, akasema atarudi siku nyingine.

Jumamosi, 8 Juni
Aibu! Mhariri kacheka mpaka kavua miwani. Aliye hai huvaa kimono upande wa kushoto ukiwa juu ya wa kulia. Wa kulia juu ni maiti peke yake. Mke wangu wa bosi kapigana kurasa zote nane akiwa maiti. Lakini nilivaa sawasawa! Nagisa akasema kioo hugeuza kushoto kuwa kulia. Wivu tu. Alikuwa amemleta Bi Tokiwa akague kazi yake. Bibi akazitazama kurasa zangu kwa muda mrefu.

"Huyu angalau amepumzika," akasema.

Nafasi kapewa Nagisa. Kwa soksi!

Jumapili, 9 Juni
Niko kwa shemeji, tofu mpaka viwikoni. Kwa muda tu. Nina wazo jipya: binti wa bosi, mlipiza kisasi, mwenye upanga! Nimesimama mbele ya kioo cha dada, ufagio mkono wa kulia, kimono kushoto juu, nimehakikisha mara tatu. Nimechora kila kitu kama nilivyokiona. Ajabu moja tu: binti katokea mashoto. Inampendeza.