Gemu ya Shamba Haina Soko

Jumatatu, 9 Septemba

Nimekuwa tajiri! Yaani, karibu.

Kaka amepata kazi mbali na amehama asubuhi. Mashine yake ya gemu ameniachia mimi, pamoja na gemu zake nne: ya vita, ya mpira, ya magari na ya shamba. Amesema sasa anavaa tai, hana muda wa kubonyezabonyeza. Niuze nitakazo, nibakishe nitakazo. Mimi sichezi. Vidole vyangu ni vya kufunulia kurasa.

Lakini dirishani kwa Fundi, katikati ya redio bubu na pasi zisizo na waya, kuna darubini. Kuukuu. Mguu wake mmoja umefungwa kwa utepe. Sura ya Zohali katika kitabu cha maktaba nimeirudia mpaka mkutubi ameniuliza kama nataka kuoa huko. Mwezi huu Zohali inapanda mapema jioni. Pete zake! Kwa macho yangu mwenyewe!

Fundi amesema darubini ni sawa na gemu mbili nzuri. Basi swali ni moja tu: zipi? Nikazipanga zote kwenye kaunta. Ya vita, akaitikia kwa kichwa. Ya mpira, akaitikia. Ya magari, akaitikia. Ya shamba akaisukuma kwa kidole. Alisema hiyo haina soko, niiache nyumbani. Nikauliza kwa nini. Akasema tena, iache nyumbani tu, kijana. Halafu akaangalia pembeni.

Pembeni!

Mfanyabiashara gani anakataa mali mara mbili kabla hajaulizwa bei? Sungura naye alisema sizitaki mbichi hizi. Nimezikusanya zote nne nikaondoka. Fundi amebaki mdomo wazi. Amejua kwamba nimejua.

Jumanne, 10 Septemba

Kuna mtu anaingia.

Nimerudi kutoka shule, nikaigusa mashine ya gemu sebuleni. Ya moto! Bibi alikuwa kwenye cherehani yake kama kawaida, na sketi ileile ya jirani aliyokuwa akiipinda wiki iliyopita. Nimemuuliza nani ameingia mchana. "Nani aingie, mume wangu, na mlango nimeukalia mimi?" Bibi huniita mume wangu. Binamu hucheka kila mara kama ndiyo mara ya kwanza.

Maskini Bibi. Wakati wa chakula alisema, bila kuulizwa, kwamba mahindi yamekomaa na ng'ombe wawili wana mimba. Bibi ana cherehani. Hana ng'ombe. Mama alinitazama, mimi nikaitazama sahani. Uzee ni mgumu. Nimejiahidi kuwa mvumilivu naye.

Mshukiwa wangu ni Binamu. Tunalala chumba kimoja, na kikulacho ki nguoni mwako. Anawahi kufika nyumbani kuliko mimi. Nimemuuliza kwa mbali, kwa ustadi, kama anapenda kilimo. Alisema yeye hata maua ya Mama anakwepa kuyamwagilia, ataka shamba la nini? Jibu zuri mno. Jibu la mtu aliyejiandaa.

Nimechukua hatua. Diski nimezibadilisha makasha! Mwizi akitaka ya shamba atafungua kasha la shamba na kukuta mpira. Na ili nisisahau, nimetunga ubeti:

Shamba kavaa mpira, mpira kavaa shamba,
Vita kavaa magari, magari kavaa vita.

Mizani imekaa sawa. Sijui kama kuna mfanyabiashara mwingine anayelinda mali kwa ushairi.

Jumatano, 11 Septemba

Waziri, mwanafunzi mwenzangu, amejitokeza. Hilo si jina lake, ni kwa sababu ya koti lake. Hata jua likichoma namna gani, hulivua anapooga tu, na hilo pia sina uhakika nalo. Amesikia nina gemu. Kutoka kwa nani? Hakusema. Anataka ya vita na ya mpira. Nikamtega: vipi ya shamba? Amecheka mpaka wanafunzi wa meza ya pili wamegeuka. "Nani anunue jembe la kwenye televisheni, we msomi!"

Kicheko kirefu mno. Fundi anaisukuma, Waziri anaicheka. Watu wawili, dharau moja. Hakuna kitu kinachodharauliwa hivyo bila thamani.

Kisha akaongeza, kama mtu anayepiga miayo, kwamba ameiona darubini kwa Fundi na ingependeza sebuleni kwao, karibu na maua ya plastiki. Maua ya plastiki! Zohali ikilinganishwa na maua ya plastiki!

Nyumbani: mashine ya moto tena. Zaidi ya hapo, asubuhi nilikuwa nimelaza unywele wangu juu ya makasha kama mtego. Haupo. Na makasha, niliyoyaacha yamepindapinda kwa makusudi, yamenyooka kama wanajeshi. Binamu hajawahi kunyoosha kitu maishani mwake. Kwa hiyo amejifunza ili kunipoteza.

Sikuyafungua. Ukifungua kasha, unamwonyesha mpelelezi hazina ilipo.

Jioni Bibi alilalamika kwamba nyumba hii kitu hakikai penye jina lake, kesho tutakuta chumvi kwenye mkebe wa sukari. Alikuwa ananitazama mimi. Sijawahi kugusa chumvi.

Alhamisi, 12 Septemba

Darubini haipo dirishani!

Palipokuwa na miguu yake mitatu kuna alama tatu safi kwenye vumbi. Nimeingia, nikashika pasi moja na kuigeuza. Fundi akaniuliza kama nainunua. Nikasema hapana, nauliza tu, ile nyingine. Akasema imepata mwenyewe. Nani? Akatabasamu. Alisema ni mtu wa heshima zake, na kwamba ameambiwa afunge mdomo.

Koti. Heshima. Nani mwingine?

Lakini ngoja. Narudi nyumbani, namkuta Fundi huyohuyo, aliyenitangulia kwa baiskeli, anatoka getini kwetu! Nilimuuliza anafanya nini. Alisema amekuja kutengeneza redio ya Bibi. Redio ya Bibi ilikuwa inaimba wakati anasema hivyo. Nikamuuliza Bibi. Bibi alisema Fundi ameleta suruali ipunguzwe. Ziara moja, sababu mbili! Na juu ya cherehani hapakuwa na suruali yoyote.

Sasa naona mchezo wote. Ameshindwa kuipata gemu ya shamba kwangu, kwa hiyo anamzunguka ajuza asiyejua kitu. Nimemwambia Bibi, kwa upole, kwamba dunia ina watu wabaya. Amenipapasa kichwa, akasema niende nikale.

Ijumaa, 13 Septemba

Nimeamua! Naiuza ya vita na ya mpira. Namuuzia Waziri. Kisha, kwa pesa yake mwenyewe, nainunua darubini yake mwenyewe. Mtu anaweza kufikiri mwezi mzima asipate mpango kama huu.

Biashara tumeifanyia maktaba, nyuma ya atlasi kubwa. Kwa kufuata ubeti nilimpa kasha la shamba, ambamo mna mpira, na kasha la magari, ambamo mna vita. Waziri akakunja uso. Nikamnong'oneza kwamba asibabaishwe na maganda, ni usalama tu. Akataka kufungua. Nikamshika mkono. Mkutubi alikuwa anatuangalia, na nyuma yake kulikuwa na msichana wa darasa la juu ambaye sijawahi kumwona akiazima kitabu chochote. Waziri alisema mali isiyofunguliwa hupunguzwa bei. Akapunguza. Akapunguza tena. Nilikubali kwa sababu ya yule msichana.

Nikamgusia darubini. Alisema hana darubini. Alidhani nimeinunua mimi!

Uongo mtupu. Amenitazama machoni kabisa, kama watu wanavyofanya wanapodanganya.

Nimefika nyumbani, nimefunga mlango, nimefungua kasha la mpira ili niitazame hazina yangu ya shamba.

Mpira.

Nimefungua kasha la vita. Vita!

Nimekariri ubeti mara tatu. Mizani iko sawa. Dunia ndiyo haiko sawa. Ama Binamu, ama Waziri ana mikono ya mzimu. Nimelala chali, natazama dari. Gemu ya shamba iko kwa adui.

Jumamosi, 14 Septemba

Siku ya aibu. Naandika kwa kifupi.

Asubuhi Bibi aliingia chumbani, kitu ambacho hafanyi, akauliza iko wapi ile ya shamba. Nikamuuliza ameijuaje. Akakaa kitandani kwa Binamu, juu ya Binamu, aliyekuwa bado amelala, na akasema yote.

Ni yeye! Mchana tukienda shule, Bibi analima. Kaka alimfundisha kabla hajahama. Ana mahindi, ana bwawa, ana ng'ombe ambao kila mmoja ana jina. Mmoja ana jina langu. Ndiye asiyetoa maziwa. Na Jumatano alipokuta diski zimevaa nguo zisizo zao, alizirudisha kila moja kwake, maana yeye ni fundi cherehani na hawezi kuona koti la mtu mwembamba likivaliwa na mnene.

Nilimwambia nimeiuza.

Hakunigombeza. Afadhali angenigombeza. Alisema tu kwamba tangu shamba lenyewe la Babu liuzwe hakutegemea kuvuna tena, na mwaka huu alikuwa amevuna. Akaenda kukaa kwenye cherehani. Hakukanyaga. Mguu juu ya pedeli tu.

Binamu, kutoka chini ya shuka, akasema, "Kimbia, we fala." Nikakimbia.

Waziri alikuwa sebuleni kwao. Na koti. Jumamosi! Na kwenye televisheni kulikuwa na matuta ya kabichi, yamepandwa kwa mistari. Alizima haraka. Alisema alikuwa anaonja tu aone kama diski ni nzima. Kisha akageuka mkali: nimemtapeli, nimempa jembe badala ya bunduki. Nikaomba msamaha, nikasema nairudisha pesa. Pesa hataki. Anataka ya vita na ya mpira kama tulivyopatana, na ya magari anabaki nayo kwa usumbufu. Nikasema hiyo ni gemu tatu kwa bei ya moja na nusu. Akasema basi, kabichi zitakomaa Jumanne.

Nikafikiria ule mguu juu ya pedeli. Nimempa zote tatu.

Nilipoiweka diski mkononi mwa Bibi, aliifuta kwa kanga yake pande zote mbili kama anayemwogesha mtoto. Kisha akainama chini ya cherehani, akavuta furushi la kitambaa, akanipa. Zito. Refu. Miguu mitatu!

Darubini!

Kumbe Jumatatu Fundi alimtania Bibi kwamba mjukuu wake anaikodolea macho kila siku. Bibi akainunua kwa pesa zake za ushonaji. Kumbe kabla Kaka hajahama alikuwa amemwomba Fundi asije akainunua ya shamba hata nikiileta. Kumbe Alhamisi Fundi alileta darubini hiyo, pamoja na pedi mpya ya gemu kwa sababu kitufe cha kukamulia kilikuwa kimechoka. Ule mguu wenye utepe Bibi ameushonea soksi ya ngozi.

Alisema, "Wewe mume wangu angalia juu, mimi niangalie chini, tutakutana kwenye chakula."

Nimelia kidogo. Binamu ameona. Atasimulia.

Jumapili, 15 Septemba

Nimelala, nimeamka, nimefikiri kwa utulivu.

Nani anatoa darubini nzima, yenye soksi ya ngozi, kwa ajili ya diski isiyo na soko? Bibi ana mapenzi, sikatai. Lakini Fundi? Fundi hakubisha hata kidogo alipoombwa asiinunue. Mfanyabiashara! Na Waziri, aliyeicheka mpaka meza ya pili, alikuwa na matuta ya kabichi ndani ya siku moja. Kabichi hazipandwi kwa kuonja.

Na leo asubuhi Binamu ameyamwagilia maua ya Mama. Bila kuambiwa.

Jioni nimeipandisha darubini kwenye dirisha la chumba. Anga halina wingu. Mama ameniita nje akisema kuna nyota moja ya manjano juu ya paa la jirani, imetulia, haimetimeti, si ndiyo ile niliyokuwa naimba? Ndiyo. Ni Zohali. Ina pete, haina miguu. Kesho itakuwepo.

Fundi amefungua mlango wa duka. Jumapili! Namwona vizuri sana, hata kifungo kilichokatika. Ana mfuko. Mfuko una kitu chenye kona nne. Anaangalia kulia. Anaangalia kushoto. Waziri anakuja na koti.

Bibi anaita kutoka sebuleni kwa sauti kubwa. Anasema njoo upesi, mume wangu, yule ng'ombe mwenye jina lako ametoa maziwa!

Leo? Siku zote hizo hakutoa, akatoe leo, dakika hii?

Sitoki dirishani.