Kamati ya Fahamu za Zebedayo

Umma unatangaziwa kuwa suala la fahamu za ndugu Zebedayo, mkulima wa milimani juu ya Same, limepatiwa ufumbuzi wa kudumu. Madaktari lilikuwa limewashinda. Lakini madaktari hawana kamati. Sisi tunayo, na katibu wake ni mimi.

Chanzo chake kilikuwa cha kimaendeleo kabisa. Watu walikuwa kwenye msaragambo, kazi yetu ya pamoja, wakisimamisha bango la kumkaribisha Katibu Tarafa, Bwana Respicius, nguzo ikamwangukia Zebedayo kichwani. Bango halikupata hata mkwaruzo. Zebedayo alilala kama gogo, na alipokuja kufumbua macho hakusema neno wala kuinua mkono. Muuguzi Koleta alisema fahamu zake huja na kupotea kama ukungu wa mlima Shengena, kwa hiyo aulizwe taratibu, kisha aulizwe tena. Ushauri huo haukuwa na muhuri, tukauweka kando.

Ndipo ikaja operesheni ya kuhamia vijijini. Kila mkuu wa kaya alitakiwa ashuke tambarare kwa hiari yake, na aliyechelewa kupata hiari aliletewa mgambo wamsaidie. Mke wa Zebedayo, Asnath, akagoma. Alisema mumewe akishushwa kwenye jua lile lisilo na maji hamalizi wiki, na kwamba yeye hawezi kuhamisha nyumba ilhali mwenyewe yupo. Swali likawa moja tu: je, yupo? Kamati ikaundwa.

Tulipanda mlima tukihema. Bwana Respicius akasimama miguuni pa kitanda, akatoa salamu ya Chama, hakuitikiwa. Akahutubia kuhusu faida za kuishi pamoja, kisha akauliza, "Ndugu Zebedayo, unakubali kuhama?"

Zebedayo akafumba macho.

"Amekataa," Asnath akasema. "Hiyo ndiyo hapana yake. Muulize tena, baba, halafu umngojee."

"Mama, anayefumba macho amelala. Sasa ameyafumbua, yu macho, na hajapinga."

Nikaandika kuwa ana fahamu timamu na ameridhia. Asnath akauliza kwa adabu kama kweli serikali imemthibitisha mumewe kuwa ana akili zake. Bwana Respicius akajibu kuwa ni timamu kuliko wengi waliomo humo ndani. Asnath akamwomba awatangazie na majirani, akawatangazia kwa furaha.

Wiki hiyohiyo tuliitisha mkutano wa kuchagua mwenyekiti wa kijiji, atakayetoa amri ya kuondoka. Bila amri yake hakuna kaya ya kung'oa hata kigingi; waraka huo tuliutunga wenyewe, ili lawama zisitufikie. Mtu wetu tulikuwa naye tayari. Asnath akasimama, akampendekeza mumewe. Mikono ikainuka yote, hata wa mtu wetu.

Bwana Respicius alikuja juu kwa hasira. Akaniamuru niunde kamati nyingine, igundue kuwa Zebedayo hana fahamu. Nikamkumbusha kuwa taarifa yetu ilishapokelewa Same, ikasifiwa, na sahihi ni yake. Akapiga simu kwa wakubwa. Wakubwa wakamwambia akamwone mwenyekiti wake.

Leo asubuhi tumepanda tena. Safari hii hakuhutubia. Alivuta kigoda akaketi karibu na mto wa mgonjwa, akapoza sauti, akauliza polepole, "Ndugu Mwenyekiti, watu wahame?" Akangoja. Sijapata kumwona akimngojea mtu. Zebedayo alimtazama muda mrefu, akafumba macho, akayabana kwa nguvu mpaka shavu likatetemeka. Akaulizwa tena. Akayabana tena. Asnath alilia waziwazi, na sisi wanakamati tukajikuta tunatazama migomba.

"Andika amelala," Bwana Respicius akaninong'oneza, huku akisimama.

Nikamwomba aketi. Mwenyekiti yuko kazini, nikamweleza, na kwa kanuni zetu mjumbe haondoki mpaka mwenyekiti afunge kikao kwa kauli yake mwenyewe.

Sasa ni saa kumi jioni. Mwenyekiti hajatoa kauli. Asnath amempelekea Bwana Respicius ndizi za kuchemsha, na kumwambia asiwe na wasiwasi, mumewe alianza kujibu kwa macho baada ya miezi minane tu.