Kushindwa Vizuri Kuliko Wote

Jumatatu, 2 Machi

Chati imekamilika! Kalenda za zamani za kanisa, upande mtupu juu, zimeunganishwa kwa gundi ya unga. Inajaza sakafu yote ya nyumba ya wageni. Kila mbunge tangu uhuru ana mstari wake. Mstari unaanza siku aliyochaguliwa na kuishia siku aliyokataliwa.

Nimekaa katikati yake tangu chakula cha mchana. Siwezi kueleza vizuri. Kila uchaguzi, karibu nusu ya mistari inakatika kwa mpigo mmoja, na mingine inaota palepale. Watu walioketishwa mbele kwenye kila harusi. Watu waliosimamisha meli ya kwenda kisiwa cha Upolu ili wamalizie kahawa yao. Halafu kimya. Hakuna aliyewasukuma. Vikaratasi vya kura tu!

Wanawake nimewachora kwa wino mwekundu. Mwanzoni hakuna wekundu kabisa. Kisha uzi mmoja. Kisha miaka na miaka ya nyuzi mbili tatu, nyembamba, kama mtu aliyejichoma sindano akapita juu ya karatasi. Bibi alisimama akaitazama. Alisema yeye aliruhusiwa kupiga kura akiwa tayari ana watoto saba, kwa sababu kabla ya hapo waliopiga kura ni machifu peke yao. Nikasubiri aendelee. Akauliza nani atakwangua gundi sakafuni.

Binamu Penitala amekatiza juu ya chati akitoka shamba la taro. Makusudi. Bunge la tatu lina unyayo.

Jumatano, 4 Machi

Shangazi Makerita anagombea ubunge! Masharti ya kugombea anayo: jina la uchifu, Levaitau, na huduma za kijiji hajawahi kukosa. Ni muuguzi mstaafu. Amewapokea duniani nusu ya wapiga kura wa wilaya hii. Anataka kitu kimoja tu: zahanati yetu ipate daktari. Sasa hivi ina mizani na bango la mbu.

Wapinzani wawili. Sagatea, mbunge wetu kwa vipindi vitatu. Na Tuialofi, aliyerudi kutoka Auckland na friji tatu. Kijiji kizima kinasema Sagatea hang'oki.

Lakini mimi nimesoma sheria ya uchaguzi, wakati wenzangu wanacheza raga. Wanawake bungeni hawatakiwi kupungua sita. Wakishinda wachache, wanachukuliwa wale walioshindwa wakiwa na asilimia kubwa ya kura kuliko wenzao, wanaongezewa viti. Na sita kamili hawajawahi kushinda kwa kura zao wenyewe. Chati inaonyesha.

Kwa hiyo Shangazi hahitaji kushinda. Anahitaji kushindwa! Ila ashindwe vizuri kuliko mwanamke mwingine yeyote nchini.

Nilimweleza. Akasema hatembei nyumba kwa nyumba na goti bovu ili ashindwe vizuri. Hajaelewa. Itabidi nimsaidie kimyakimya.

Jumapili, 8 Machi

Hesabu nimeipiga mahubiri yakiendelea. Wagombea watatu: Shangazi anaambulia theluthi. Wagombea wawili: anakaribia nusu. Nusu ni asilimia tamu sana kwa mtu anayeshindwa. Tuialofi lazima ajitoe. Kura zake nimezigawa katikati, nusu kwa Sagatea, nusu kwa Shangazi. Haki bin haki.

Tatizo: lazima mtu azungumze naye, na mtu huyo ni mimi, nami siwezi kuzungumza na machifu. Nyumbani hata chumvi naomba kwa kidole.

Leo nilipata nafasi. Baada ya kanisa Bibi alinituma kwa Tuialofi na sahani ya majani ya taro katika tui la nazi. Nilipita mbele ya wazee nimeinama, nikisema tulou, tulou, yaani samahani napita, kama inavyopasa. Nikafika. Hotuba nzima ilikuwa tayari kichwani. Nikasema, "Sahani." Nikarudi nyumbani.

Jumanne, 10 Machi

Leo nimekwenda na chati. Chati haina aibu. Penitala alishika upande wa pili wa mzigo kwa malipo ya nyama yangu ya kopo ya Jumapili tatu. Mnyonyaji.

Tuliikunjua mbele ya Tuialofi. Alikuwa kitini. Akavaa miwani. Akashuka kitini. Kisha mtu mzima yule, mwenye jina kubwa, akatambaa kwa mikono na magoti kutoka uhuru mpaka leo. Feni ilizunguka. Penitala mwenyewe aliacha kutafuna.

Alimtafuta mjomba wake. Akampata. Kipindi kimoja, mstari wa urefu wa kidole. Alisema siku mjomba alipochaguliwa walichinja ng'ombe mpaka watoto wakakataa nyama. Akaugusa ule mstari, halafu wa jirani yake. Akauliza na huyu je. Nikatikisa kichwa. Na huyu? Nikatikisa tena.

Ndipo nikazungumza! Kwa sauti! "Nusu, mheshimiwa. Kila mara ni nusu."

"Wanakwenda wapi, binti?"

Miezi yote ya kuchora mistari, sikuwahi kujiuliza. Nilimwambia mmoja ana duka la rangi. Tukabaki tunaitazama, sote watatu. Sijawahi kuona watu wakijali hivyo kitu nilichotengeneza mimi.

Ijumaa, 13 Machi

Amejitoa! Amewaambia wazee barazani kwamba ameona jambo kubwa sakafuni kwake na kwamba friji zinamtosha.

Kabla jua halijazama Sagatea alimpelekea nguruwe dume na mkeka mwembamba wa heshima. Ustaarabu wa kupendeza, nilidhani. Bibi alimwona nguruwe akipitishwa kwenye toroli. Akasema, "Haya, kwisha kazi." Nikamuuliza kazi gani. Akasema mtoto anayejua majina ya wabunge wote tangu uhuru hashindwi kujua hilo. Wazee wanapenda mafumbo.

Ijumaa, 10 Aprili

Siku yenyewe. Sina umri wa kupiga kura, kwa hiyo nilisimama kwenye uzio wa shule nikiangalia. Bibi katika nguo yake nyeupe na kofia ya kanisani. Wavuvi. Mwalimu mkuu. Yule kijana anayeiba kuku. Kila mmoja anaingia peke yake nyuma ya pazia na kutoka na kidole chenye wino, na pazia linatikisika kidogo. Mistari inakatiwa hapa. Nyuma ya pazia la jikoni la mwalimu wa sayansi kimu!

Jioni redio imetoa hesabu za kwanza. Sagatea asilimia 54. Shangazi asilimia 46. Kubwa kuliko ya mwanamke yeyote aliyeshindwa hadi sasa! Nimecheza nyumba nzima. Penitala amesema hajawahi kuona mtu akimchezea aliyeshindwa. Shangazi hakucheza. Ameomba nimpishe karibu na redio.

Jumamosi, 11 Aprili

Matokeo ya nchi nzima. Nilikuwa nimelala kifudifudi juu ya chati, kalamu nyekundu mkononi. Mwanamke wa kwanza ameshinda. Nikachora. Wa pili. Nikafurahi. Wa tatu na wa nne wakafuatana, nikafurahi kidogo. Wa tano. Nikaacha kufurahi.

Wa sita alishinda kwa kura tisa.

Wa saba alipotangazwa kalamu ilikuwa inakwaruza tu, wino umekwisha. Sita wanatakiwa, saba wameshinda. Hakuna kiti cha kuongeza. Shangazi ameshindwa vizuri kuliko wanawake wote nchini, na haimfai kitu.

Nilitaka kulia. Lakini niliitazama chati, na pale mwishoni palikuwa pekundu kuliko mahali popote. Haijawahi kutokea. Tangu uhuru haijawahi! Nililia, ila sijui nililia kwa lipi. Shangazi alikuwa akikoroga kakao. Kila jina la mwanamke lilipotajwa alilirudia taratibu, kama anavyoyarudia majina ya watoto wachanga ili asiyasahau. Yote saba.

Jumatatu, 13 Aprili

Tuialofi amekuja kumpa Shangazi pole. Nilikuwa nagawa kakao. Alisema chati yangu ilimfungua macho. Shangazi akauliza chati gani.

Akaeleza kila kitu! Kwa furaha! Nikaona nijitetee. Nikasema, kwa sauti ya mbu, kwamba nusu ya kura zake zingekuja kwetu.

"Zangu? Binti, mimi na Sagatea majina yetu yametoka kwa babu mmoja. Watu wangu ni watu wake. Ningebaki, tungegawana kura za ukoo uleule, na shangazi yako angetupita wote wawili."

Kumbe kila mtu anajua. Bibi anajua. Mwizi wa kuku anajua. Penitala alijua tangu siku ile ya nyama ya kopo, na alinyamaza kwa sababu alidhani Sagatea ndiye amenituma. Ameniambia aliniheshimu kwa hilo. Mara ya kwanza maishani.

Shangazi aliweka kikombe chini. Akakaa juu ya sufuria iliyopinduliwa, akacheka mpaka Bibi akamletea maji. Kisha hakuwa anacheka tena. Akasema:

"Fetuao, mwanangu. Usinisaidie tena. Umenisikia?"

Nikasema nimesikia. Hapo akaja mtu mbio kutoka upande wa kanisa, mkewe ameshikwa na uchungu, na daktari hatuna. Shangazi akachukua mkoba wake akaondoka, akichechemea. Nilimfuata kwa macho mpaka kwenye mnazi wa mwisho. Huyo ndiye niliyemsaidia.

Jumanne, 5 Mei

Ufunguzi wa Bunge. Shangazi amenichukua mpaka Apia, mji mkuu. Sikutegemea. Tulisimama kwenye nyasi na maelfu ya watu. Wabunge wakapita. Nusu ya wanaume walikuwa wapya, mmoja akaukosa mlango akarudishwa taratibu na polisi. Halafu wakaja wao, saba, na maua sikioni. Mzee mmoja mbele yetu akavua kofia, nadhani bila kujua. Nilikuwa nimeona mistari tu. Sikujua kwamba inatembea.

Shangazi alinibana mkono mpaka vidole vikafa ganzi. Alisema miaka mitano si mingi, atarudi kugombea. Melini njia nzima alinikumbusha kwamba hataki msaada wangu, hata kidogo, hata wa kimyakimya. Nikaahidi. Nikamwapia kwa Biblia ya nahodha.

Nitatimiza. Mimi ni mtu wa neno langu.

Ila Shangazi amenikataza kumsaidia yeye. Hakusema lolote kuhusu kuwasaidia wapinzani wake. Nimekwisha kuhesabu wanaume wa ukoo wa Sagatea wenye majina ya uchifu na wenye kujipenda. Wako tisa. Wakigombea wote tisa, Sagatea atabaki na kura ya mkewe.

Kesho naanza na mmoja wao, mwalimu wa hesabu. Nitamwambia ana sura ya waziri.