Shukrani Zetu Mlizozipokea Haraka Mno

Kwa Ndugu Meneja wa Kampuni Ambayo Meli Yake Ilimwaga Mafuta,

Shikamoo. Natumaini u mzima na nguo zako ni safi. Sisi ni wazima.

Mimi ni yule binti aliyewatafsiria mkutanoni, niliyejibanza nyuma ya spika. Nalalamikia ripoti mliyoniletea niitafsiri, isemayo wakazi "wameridhika kabisa". Ijumaa wazee wakiitia saini, usafishaji wa ufuko unafungwa. Naandika kwa lugha yetu makusudi, mtafute mkalimani mwingine. Sababu iko chini.

1. Bata wa jirani walikuwa weupe. Sasa ni weusi, na jirani amewakana: "Hawa si wangu, wangu nawajua!" Kila jioni wanamgongea mlango kwa midomo.

2. Mama ni mkaanga samaki. Samaki hakuna, kwa hiyo anakaanga viazi kwenye karai lilelile. Wateja wengine wanalalamika vinanuka samaki, wengine kwamba havinuki vya kutosha.

3. Mlitugawia kofia nyeupe zilizoandikwa "Pwani Safi". Tumezichotea mafuta. Zinavuja. Naomba mlete za plastiki.

4. Mafuta tuliyochota yamo kwenye ndoo kumi na moja chini ya kitanda changu, yakisubiri gari mliloahidi. Umeme ukikatika hatuthubutu kuwasha mshumaa. Nasoma kwa kubahatisha.

5. Mafuta ni mali yenu, na kwetu hatukufundishwa wizi. Basi ama mje kuyachukua, ama wewe na familia yako mhamie chumbani kwangu muyalinde. Kitanda ni cha futi tatu. Mtabanana, lakini kwa mujibu wa ripoti yenu mtaridhika kabisa.

Wasalimie wote hapo ofisini, pamoja na dereva wa lile gari.

Ni mimi,
Binti wa mkaanga viazi (kwa sasa)

Tanbihi: Siku ile ya mkutano Mama alianza kwa kuwashukuru, kama anavyoanza kila anapotaka kumgombeza mtu. Nikatafsiri shukrani. Mkapiga makofi, watu wote wakanigeukia, ulimi ukaganda. Yaliyofuata kwa robo saa nzima, kidole chake kikikaribia kukuingia puani, niliyafupisha hivi: "Anashukuru tena." Kwa hiyo ripoti yenu haina kosa. Kosa ni langu. Mpaka leo Mama anauliza, "Hivi yule baba, nimemtukana vile, mkono alinipa wa nini?" Tafadhali, Ijumaa msilete kalamu, njooni aseme upya. Nitatafsiri yote, hata lile neno alilokuita.