Rufaa ya Mtendaji Aliyekwisha Kufanyiwa Misa

Ndugu Mwenyekiti wa Kamati ya Rufaa za Ajira,
Mbinga.

Shikamoo Mheshimiwa, na pole na majukumu. Mimi ni Othmar, mkulima wa kahawa wa huku juu Maguu. Kwa heshima zote nakata rufaa kupinga kuajiriwa kwa Dada Beata, mgeni kutoka Singida, kuwa Mtendaji wa Kijiji chetu. Nafasi hiyo mimi niliifanyia usaili na, kwa maoni ya ukoo mzima, niliipata.

Sina ugomvi na Dada Beata. Ni mtu wa watu, na salamu za Kimatengo ameshazishika. Sababu zangu ni za kisheria tu.

1. Mliponiita kwenye usaili nilipiga simu nyumbani kuwaarifu. Kwetu hajatokea mtu aliyeitwa na serikali, akavaa tai, akarudi mikono mitupu. Hivyo Jumapili iliyofuata mama yangu, Bibi Emerensiana, alipeleka jogoo na debe la mahindi kanisani, na nikatajwa kwenye misa ya shukrani kuwa Mtendaji mpya. Vigelegele vilipigwa. Matokeo yenu yalikuja baadaye sana. Naomba mwanasheria wenu anieleze, shukrani ambayo Mungu ameshaipokea inarudishwa kwa utaratibu gani?

2. Katika kipindi hicho nilifanya kazi. Sikujipachika, watu walikuja wenyewe. Nilimaliza ugomvi wa mpaka kati ya Tarsisi na Cuthbert. Nilimpatanisha Urban na mkewe Lidia, aliyekuwa amerudi kwao Mbuji. Kama sikuwa Mtendaji, basi maamuzi yangu yote ni batili: mpaka urudi ulikokuwa, na Lidia arudi kwao. Ila Lidia sasa ni mjamzito. Kamati itamke mtoto huyo amepatikana kwa mamlaka ya nani.

3. Tai bado ninayo.

4. Hili linaniuma kweli. Mama bado ananiita Mtendaji. Kila asubuhi ananichemshia maji ya kuoga, heshima ambayo marehemu baba hakuionja, kisha ananiuliza leo nitarudi saa ngapi kutoka ofisini. Nami naaga, nazunguka mpaka kwenye mashine ya kusaga, nakaa huko hadi jioni na unga kichwani. Mama ana presha, Mheshimiwa. Sina mdomo wa kumwambia kwamba alitoa shukrani kwa kitu ambacho hatukupewa.

Kwa hiyo naomba ajira ya Dada Beata itenguliwe. Ikishindikana, waajiriwe watendaji wawili, mmoja wa kufanya kazi na mmoja wa kuonekana na mama. Huyo wa pili niko tayari kuwa mimi, hata bila mshahara. Nikinyimwa na hilo nitakwenda Mahakama Kuu, Songea. Ukoo umejitolea kunisindikiza, na hatujawahi kuwa wachache, kwa hiyo viti viandaliwe mapema.

Naomba unisalimie wajumbe wote wa Kamati, walinzi wa getini, na yule mama wa chai aliyeniongezea kikombe siku ya usaili.

Wako anayesubiri haki,
Othmar

N.B. Nikiwa nafunga bahasha, mgambo ameniletea wito kutoka ofisi ya kijiji. Nimeshtakiwa, na aliyenishtaki ni mama. Kumbe anajua tangu siku matokeo yalipotoka, na alikwenda mwenyewe kumkaribisha Dada Beata kwa mkungu wa ndizi. Anasema alikuwa ananipa nafasi niseme mwenyewe, lakini msimu wa ngoro, mashimo yetu ya kulimia mlimani, unapita na shamba la mlimani sijachimba hata shimo moja. Basi amefika kwa Mtendaji, na Mtendaji ananiita Jumatatu. Nitakwenda, wito wa Mtendaji haukataliwi. Mkiikubali rufaa yangu, naomba ianze kutumika Jumanne, kwa kuwa Jumatatu namhitaji Dada Beata ofisini anisaidie kumwomba mama radhi.