Kiti cha Baba Kanisani Kimamba

Jumatatu, 2 Juni

Mchungaji Amon alitangaza jana: Jumapili ijayo tunachagua mzee wa kanisa. Hatimaye! Kiti cha mbele, kile cha mninga. Babu alikikalia. Baba alikikalia mpaka alipofariki. Mimi Obed, damu yao, nakaa mlangoni na vichanga vinavyolia. Inaniuma, sifichi.

Mpinzani ni Kulwa Budeba, mfugaji. Kahamia juzi tu kutoka Kanda ya Ziwa, tayari watu wanampenda. Kisa? Anapelekea wagonjwa maziwa. Hila hizo! Mke wangu Fausta kasema na mimi nijaribu kugawa kitu.

Jumatano, 4 Juni

Kanisa letu lina askofu. Sasa kura za nini? Amri si hutoka juu? Askofu yuko Mikumi wiki hii kwa kipaimara. Nikapanda basi na jogoo, yule mwekundu wa Fausta (sijamwambia). Nikampa Baba Askofu shikamoo, nikamwomba aniteue tu, tusiwasumbue waumini. Akacheka mpaka akavua miwani. Akasema yeye huweka wakfu wachungaji. Mzee wa kanisa huchaguliwa na waumini wenyewe. Akanibariki.

Nimerudi na baraka. Jogoo kabaki. Fausta anamtafuta mtaa mzima. Nimemsaidia kutafuta.

Ijumaa, 6 Juni

Ng'ambo ya reli kuna kanisa lisilo na askofu. Huko wazee ndio wenye kauli, hata mchungaji wanamwajiri wao. Hapo ndipo pangu! Nikamwendea Mzee Emanueli, kiongozi wao, nikamwambia nahamia kwao leo leo wakinipa uzee. Akanikaribisha vizuri kabisa. Akasema nitaanza na darasa la wanaojiunga, pamoja na watoto. Kisha wazee wataketi kuchunguza mwenendo wangu, na huwa wanaanza kwa kumuuliza mke.

Kumuuliza Fausta! Wiki hii! Nikaaga hata chai sijamaliza.

Jumapili, 8 Juni

Kwetu hakuna karatasi za kura. Wagombea wanasimama nje, kila muumini anajipanga nyuma ya amtakaye. Nami si mjinga. Nilikagua asubuhi: upande wa magharibi kuna kivuli cha ukuta, wa mashariki jua la kukaanga mahindi. Ibada ilipoisha nikawahi kivulini. Budeba, mpole wa watu, akasimama juani. Watu wakaanza kusogea kwangu. Jamani, ushindi ule!

Mchungaji akasema kabla ya kujipanga rasmi, kila mgombea aseme neno. Budeba akasema asanteni, basi. Mimi nilijiandaa. Nikaanza na mitume. Nikaeleza kanisa linaloongozwa na askofu, linaloongozwa na wazee, na lile ambalo waumini wote ndio wakubwa. Nikafika kwa babu. Nikarudi kwa mitume.

Nilipoinua macho, jua limeshavuka paa. Kivuli chote kiko kwa Budeba. Watu nao wako huko huko. Nyuma yangu kasimama Fausta peke yake. Na hakuja kunipigia kura. Mchungaji alikuwa amemfikishia shukrani za Baba Askofu kwa jogoo.

Jumapili, 15 Juni

Sikutaka kwenda. Fausta kaniburuta.

Budeba kasimikwa, kaonyeshwa kiti, kakitazama. Kisha akanifuata kule mlangoni. Akanipa shikamoo mbele ya wote. Akasema yeye mlangoni ndiko kunakomfaa, awaone ng'ombe wake wasije wakaingia mashambani kwa watu. Na amesikia kiti kile kilikuwa cha marehemu baba, basi nikikalie mimi. Akanishika mkono hadi mbele. Akina mama wakapiga vigelegele.

Nimekaa. Mikono yangu iko pale pale mikono ya baba ilipolainisha mbao. Machozi yalinitoka, sioni aibu kusema. Fausta naye kafuta macho. Jioni kasema habari ya jogoo imekwisha. Budeba ni mtu mwema, nilimkosea. Sina ninachotaka tena duniani.

Ila ukikaa pale mbele unaona mambo ambayo mlangoni hayaonekani. Kando ya madhabahu kuna kiti cha askofu. Kirefu. Kina mto mwekundu. Na kinakaa kitupu karibu mwaka mzima!

Kesho nikaulize uaskofu unapatikanaje. Fausta bado ana yule jogoo mweupe.